Ijumaa za Bwana Filimbi

Mwanamke ambaye gazeti lilimwita Bi Kelele hakuwa na sauti hata ya kumfukuzia kuku. Kila mtu wa kota za reli alilijua hilo, na bado walimwita hivyo hivyo, kwa sababu jina likishapigwa chapa halisikilizi la mtu.

Alikuwa mke wa gadi. Gadi ni yule mfanyakazi anayepanda behewa la mwisho na bendera zake mbili, na treni haiondoki mpaka apulize filimbi. Mumewe alikuwa mrefu, mabega yameinama kidogo kwa kuzoea milango mifupi ya mabehewa, na filimbi haikumtoka shingoni hata akiwa nyumbani na fulana na kandambili. Walipewa chumba na ukumbi, wakazaa binti mmoja, wakaishi kama walivyoishi wengine.

Kota zenyewe zilizaliwa na reli. Waliotangulia kufika walikuta kichaka cha miiba na dimbwi la chura. Ikajengwa karakana ya kutengenezea vichwa vya treni, likasimamishwa tangi la maji la chuma, zikafuata safu za nyumba zilizofanana kiasi kwamba mlevi aliweza kuingia kwa jirani, akavua viatu, akaomba maji ya kunywa, ndipo akagundua kuwa anayemletea maji si mkewe. King'ora cha karakana kiliwaamsha watu, kikawapeleka kazini, kikawarudisha. Na kuta kati ya nyumba na nyumba zilikuwa nyembamba. Mtu akipiga chafya upande huu, upande wa pili wanamwambia afya.

Upande wa pili wa ukuta wa gadi aliishi karani wa vifurushi, bwana mfupi wa miwani mizito, mtu wa mashairi na maneno. Mchana alipima mizigo ya watu stesheni. Jioni aliandika. Alipeleka makala kwenye gazeti la kila Ijumaa mjini, yakakataliwa, akapeleka mengine, yakakataliwa. Ndipo jioni moja akasikia ukutani gadi akirudi na njaa zake, akipuliza filimbi uani kwa utani, kama anayetaka treni iondoke. Na akasikia sauti ya chini ya mwanamke ikijibu kutoka jikoni:

"Chakula kimechelewa kwa sababu ya matengenezo ya njia. Abiria wanaombwa wavumilie."

Karani alicheka mpaka mkewe akadhani amepaliwa. Ijumaa iliyofuata gazeti likawa na safu mpya ukurasa wa ndani, iitwayo "Maisha ya Kota", na ndani yake Bwana Filimbi, gadi mvivu mwenye makuu, na mkewe Bi Kelele, mwanamke wa sauti ya kupasua tangi. Maneno yalikuwa yale yale ya jikoni. Ila Bi Kelele aliyasema kwa ukelele, na nyuma yake kichwa cha treni kikashtuka kikarudi kinyumenyume. Mchoraji wa gazeti, ambaye hakuwahi kufika kota hata siku moja, alimchora mwanamke mnene, mikono kama nguzo za daraja, ameinua mwiko. Mke wa gadi alikuwa mwembamba kama uzi wa kushonea.

"Shemeji," karani alimwambia walipokutana bombani, akiwa hana pa kuweka macho, "usinielewe vibaya. Maneno ya chini chini hayachekeshi gazetini."

"Sawa, shemeji," alijibu, akaendelea kujaza ndoo.

Hakukasirika. Alichukulia kama mtu anavyochukulia kivuli chake kikirefuka jioni. Mumewe ndiye aliyefurahi. Alikata ile safu akaibandika ndani ya mlango wa behewa lake. Abiria walipomjua wakawa wanamwita madirishani, "Bwana Filimbi! Bi Kelele hajambo?" naye akiinua kofia. Nyumbani alikuwa na tabia moja: Ijumaa jioni alikaa kwenye kiti chake cha kamba akimsomea mkewe safu nzima kwa sauti za watu wote, akifika kwa Bi Kelele anajaribu kunguruma, anakohoa.

"Mama Binti, leo umenitupia sufuria."

"Imekupata?"

"Nimeinama."

"Basi hiyo si sufuria yangu. Yangu ingekupata."

Na upande wa pili wa ukuta kalamu ikatembea.

Miaka ikaenda hivyo. Mambo yote yaliyoipata kota yalipita gazetini: siku tangi lilipopasuka na watu wakaogea njiani na nguo zao, mgomo wa mafundi, siku dizeli ya kwanza ilipoingia na wazee wa vichwa vya mvuke wakageuza nyuso zao kama wanaompisha mke mdogo. Bwana Filimbi alikuwepo kote, akiharibu jambo.

Kikohozi cha gadi kilianza kama kikohozi cha watu wote. Alisema ni vumbi. Kisha akasema ni baridi ya behewa. Mficha maradhi kifo humuumbua, na yeye aliyaficha mpaka siku alipoinua filimbi pale stesheni, akapuliza, isitoke sauti. Dereva akabaki anamtazama kwa kioo. Walimrudisha nyumbani kwa mkokoteni wa vifurushi, karani akisukuma. Hospitali walisema mapafu yamekwisha. Akafa mwezi huo huo, asubuhi, mkewe akiwa ameshika bakuli la uji ambao ulikuwa bado wa moto.

Alichokumbuka baadaye ni lile bakuli. Alikaa nalo mpaka likapoa, akalipeleka jikoni, akaliosha. Hakulia. Mguu ukiukalia muda mrefu unakufa ganzi. Unaugusa kwa kidole, unaona kabisa kuwa ni wako, lakini haukujibu. Ndivyo alivyokuwa, mwili mzima.

Mazishi yalikuwa na watu wachache. Siku hiyo treni ya mizigo ilikuwa imeanguka mbali huko njiani, na wanaume karibu wote wa kota walichukuliwa kwenda kuinyanyua. Jeneza lilibebwa na walimu wa shule, muuza mkaa na karani. Siku iliyofuata ilikuwa Ijumaa, na gazeti likatoka kama kawaida, maana safu ilikuwa imepelekwa mapema. Humo Bwana Filimbi alikuwa amenunua viatu vipya vya kumbana, akawa anavivaa kwa zamu, leo cha kulia, kesho cha kushoto. Mfiwa alikuwa amekaa kwenye mkeka. Akasikia nje ya dirisha mtu akisoma, akicheka, kisha akinyamazishwa na wenzake.

Karani alikuja jioni yake, akavua miwani, akaifuta, akaivaa.

"Ilikuwa imeshapigwa chapa, shemeji. Wallahi kama ningeweza kuikimbilia."

"Najua."

"Na mhariri amenipigia simu ya stesheni. Sijui nilisemeje. Anataka iendelee. Anasema wasomaji hawamjui marehemu, wanamjua Filimbi." Alikuwa anaongea na sakafu. "Ukisema hapana, naacha leo. Haki ya Mungu naacha."

Alitakiwa aseme neno, na maneno yalikuwa mbali, kama vitu vilivyowekwa juu ya kabati na yeye hana kiti cha kupandia. Kusema hapana kungehitaji nguvu. "Endelea," akasema.

Basi mumewe akaendelea. Kila Ijumaa alikuwa na la kufanya. Alinunua baiskeli akaogopa kuipanda, akawa anaisindikiza kazini kwa miguu. Aligombea uenyekiti wa chama cha wafanyakazi akapata kura ya Bi Kelele tu, na hiyo nayo ikaharibika. Mjane alilisoma gazeti mwenyewe sasa, kimya, kwenye kiti kile cha kamba, kisha akalikunja akapangusa meza. Hakucheka wala hakuumia. Alikuwa anataka tu kujua wiki hii alikuwa wapi.

Lakini karani akaishiwa. Upande wa pili wa ukuta palikuwa pamenyamaza, na mtu hawezi kuchota kwenye kisima kikavu. Siku moja ya Alhamisi akaja na kalamu sikioni, na mkewe nyuma yake amebeba ufumaji ili watu wasipate la kusema. Wakakaa barazani.

"Shemeji, stesheni wameleta saa mpya ya ukutani. Filimbi angesemaje?"

Akafikiri. Hakuna aliyekuwa amemwuliza kitu siku nyingi. "Angesema inakwenda mbele. Zamani treni ilichelewa saa moja, sasa itachelewa saa moja na robo."

Karani akaandika. Na Alhamisi iliyofuata wakaja tena. Ikawa desturi. Aliwajibu kwa sauti ile ile moja, macho kwenye mchele anaochagua, kama mtu anayesoma tangazo lililobandikwa na wengine. Mke wa karani alikuwa akicheka mpaka fundo linamponyoka kwenye sindano, kisha anamtazama mwenye maneno, anaona uso mkavu, anaacha.

Binti yao alikuwa ameshaolewa mji mwingine. Alipokuja kumwona mama akawakuta barazani, akasubiri wageni waondoke ndipo akalipuka.

"Mama, wanamchezesha baba kama kikaragosi, na wewe unawashikia kamba!"

"Kamba gani? Mimi nakaa tu."

"Humlilii, na humwachi apumzike. Ni kitu gani hicho?"

Mama akamtazama mwanawe. Aliona kuwa swali lilikuwa la haki. Aliona pia kuwa binti amenenepa kidogo mashavuni na imempendeza. "Sijui, mwanangu," akasema. "Utakula sasa hivi au uoge kwanza?"

Karani alistaafu, akadumu kidogo, macho yakamzima kabisa, na mkewe akamchukua wakarudi kwao. Kabla ya kupanda treni aliupapasa mkono wa jirani yake wa miaka yote ile, akaushika kwa mikono miwili. "Nimewaambia gazetini waifunge safu," akasema. "Wamesema watafikiria."

Walifikiria, wakampa safu kijana wa mjini. Huyo hakuwahi kulala ambapo treni inapita. Hakujua gadi na dereva si mtu mmoja. Alichojua ni kwamba watu hucheka mlevi akianguka, basi Bwana Filimbi akawa mlevi. Akawa anauza makaa ya reli kwa magendo. Kota ikasoma, ikacheka, maana mzaha mbovu nao ni mzaha. Mjane akasoma pia. Sasa hakujua tena mume yuko wapi siku za Ijumaa. Ilikuwa kama kuambiwa habari za mtu aliyefanana naye jina tu.

Ijumaa moja alikuwa foleni ya bombani. Fundi cherehani, mwanamke mcheshi asiyekuwa na nia mbaya na mtu, akamwita toka mbali, gazeti mkononi: "Bi Kelele! Leo yamekukuta! Filimbi kakuzaba kofi mpaka mwiko umeruka dirishani!"

Wote wakacheka. Yeye akaweka ndoo chini, akaomba gazeti, akasoma kwa kusimama. Mchoro ulikuwepo: mkono umeinuliwa, mwanamke mnene yuko chini. Akarudisha gazeti, akasema asante. Ndoo akaiacha pale pale. Alikwenda nyumbani, akavaa gauni lake la kutokea, akaenda stesheni, akapanda treni ya mjini. Hakuwa na hasira. Angekuwa nayo angeitambua. Ilikuwa tu kwamba miguu ilikuwa inakwenda na hakuona sababu ya kuizuia.

Ofisi ya gazeti ilikuwa ghorofani juu ya duka la rangi. Meza zimebanana, mashine za kuandikia zikigonga, chai imemwagika juu ya karatasi za wiki iliyopita. Mhariri alikuwa mwanamume wa makamo mwenye tai iliyolegezwa, akamkaribisha kiti kwa adabu akidhani amekuja kutangaza aliyepotea.

"Nimekuja kwa ajili ya Bwana Filimbi," akasema.

Mhariri akatabasamu. "Aa, msomaji wetu! Karibu, mama. Amekufurahisha?"

"Alikuwa mume wangu."

Mashine moja ikanyamaza. Kwenye kona, kijana mwembamba mwenye kofia akageuza shingo. Huyo ndiye aliyekuwa akiandika safu.

"Mama," mhariri akasema taratibu, kama anayemtoa mtoto kwenye ngazi, "huyu ni mhusika tu. Hayupo."

"Najua hayupo. Alikufa kwa kifua. Nilikuwepo." Akaiweka mikono mapajani. "Hakuwa mlevi. Lakini hilo niliwaachia. Leo mmeandika kanipiga. Hakuwahi kunipiga. Hata mlango hakuwahi kuupiga kwa hasira, alikuwa anaufunga."

Kijana akainuka akivua kofia, ikamtoka mkononi. "Mama, mimi sikujua kama... Kwani na wewe ndiye Bi Kelele?"

"Ndiyo."

Akamtazama toka kichwani hadi miguuni, ule wembamba, ile sauti ambayo ilimbidi asogee ndipo aisikie. Akainama, akaokota kofia.

"Unataka tuandike masahihisho?" mhariri akauliza. "Tukuombe radhi?"

"Hapana. Mtu akifa anazikwa. Mzikeni."

Mhariri alikuwa mtu wa biashara, na hata mgeni wake aliona lile wazo likimwingia machoni likatafuta pa kukaa. Gazeti la msiba wa Bwana Filimbi lingeuzika kuliko magazeti ya mwezi mzima. Mjane aliona hivyo, na hakujali. Kaburi ni kaburi, hata mchimbaji akiwa na lake. Alikunywa maji waliyompa, akarudi na treni ya alasiri.

Ijumaa iliyofuata safu ilihamia ukurasa wa kwanza, ndani ya mstari mweusi. Bwana Filimbi, iliandikwa, ameondoka na treni ambayo safari hii haikuchelewa. Ameacha mjane. Iliandikwa na yule kijana wa kofia, na iliandikwa vizuri. Ilikuwa mara yake ya kwanza kuandika bila kumwangusha mtu.

Asubuhi hiyo mjane alikuwa anafagia uani. Akaja fundi cherehani, macho mekundu, akapiga magoti, akamnyang'anya ufagio. Nyuma yake wakaja wanawake wa safu nzima ya nyumba, na mikeka. Wakaja mafundi wa karakana na mafuta yao mikononi. Stesheni masta akaja amevaa koti. Treni ya saa nne ilipoingia wakashuka watu ambao hakuna aliyewajua, wengine wametoka mbali, wakiulizia nyumba ya Bi Kelele. Walikuja kwa mume wa gazetini, lakini mikono waliyompa ilikuwa ya kweli, na wengi waliokuwa wamepelekwa kunyanyua mabehewa siku ile ya mazishi walikuwemo.

"Pole, Bi Kelele."

"Asante. Karibuni."

Wakaketi hadi njiani. Mmoja akakumbushia habari ya baiskeli iliyosindikizwa, mwingine ya kura moja iliyoharibika. Mzee mmoja mstaafu akaeleza jinsi marehemu, yule wa kweli, alivyowahi kuchelewesha treni kwa sababu kuna mwanamke mjamzito alikuwa anakimbia na mzigo, na alipoulizwa akajibu ameona ng'ombe relini. "Ng'ombe gani?" wakamwuliza. "Amekwishaondoka," akasema. Watu walicheka, wakafuta macho, wakacheka tena.

Mjane alikaa katikati yao akisubiri. Alidhani kilio kingekuja sasa. Palikuwa na mkeka, palikuwa na watu, kila kitu kilichohitajika kilikuwepo. Hakikuja. Kilichokuja, kuelekea adhuhuri, kilikuwa njaa. Aliisikia tumboni wazi kama mtu anayebisha hodi, akashangaa, maana kwa miaka alikuwa anakula kwa sababu chakula kimefika mbele yake. Mtu akampa sahani. Akala yote. Akamwambia fundi cherehani, "Niongeze kidogo."

"Mama wee," fundi cherehani akasema akilia na kucheka pamoja, "kula, kula, dada yangu."

Baada ya hapo Ijumaa zikawa siku kama nyingine. Binti alitumiwa lile gazeti. Akapiga simu stesheni, mama akaitwa, binti akasema wajukuu wanakuja likizo. Wakaja. Karakana ilihamishwa, king'ora kikakoma, watu wakawa wanachelewa kila mahali. Nyumba za kota ziliuzwa kwa waliokuwa wakiishi humo na kwa wageni, zikapakwa rangi tofauti tofauti, mlevi akapata unafuu. Stesheni ikawa ghala la saruji.

Uzeeni mwake alikuja mwalimu wa historia wa shule ya jirani, mwanamke mchangamfu, akikusanya habari za kota ili ziandikwe kitabu. Hakukuwa na kumbukumbu nyingi. Za reli zilikuwa zimeliwa na mchwa, kwa hiyo alikuwa akitegemea zile safu za Ijumaa. Alikuwa nazo kwenye mfuko, nakala za rangi ya kijivu.

"Bibi, nisaidie kutenganisha. Lipi lilitokea na lipi lilitungwa?"

Wakapitia karatasi moja moja. Tangi lilipasuka kweli. Mgomo ulikuwa kweli. Karatasi nyingine akazishika mkononi kwa muda mrefu. Baiskeli ile, alijua ni karani aliyeitunga, lakini sasa aliiona imeegemezwa ukutani, ina kengele.

"Hii sijui," akasema. "Na hii sijui."

"Basi niambie tu alikuwa mtu wa namna gani. Bwana Fil... mumeo."

Bibi akatazama nje.

"Alikuwa anakunja nguo zake mwenyewe," akasema. "Shati analilaza kitandani, mikono anaikunjia nyuma, hivi." Akaonyesha hewani kwa mikono yake miwili iliyokauka, taratibu, mkono mmoja, kisha wa pili, kisha pindo. "Mimi nilikuwa siwezi kuzikunja vile. Zangu zilikuwa zinavimba."

Mwalimu akaandika. Kitabu kilipotoka, hilo halikuwemo. Nafasi haikutosha, na katika ukurasa wa Bwana Filimbi waliweka mchoro. Mwalimu alimletea nakala yake mwenyewe, akaomba radhi. Bibi akasema haidhuru, akamwuliza kama amekula.